Ukurasa wa 212

Nakala tano, alisema, kitambaa cheusi,
herufi za dhahabu mgongoni.
Nikaandika kwenye risiti: Nafuna Wekhuyo, tasnifu ya uzamifu,
amelipa mia saba, baki mia tatu.
Nje, Ngara ilikuwa ikianika mitumba yake baada ya mvua.

Mimi hujalidi. Sisomi.
Ndivyo ninavyowaambia wateja, wasije wakaniuliza maoni.
Lakini gundi ina saa zake za kukauka
na mtu hawezi kukodolea ukuta tu.

Basi nikamjua Mhispania wao,
mzee wa Madridi aliyeandika riwaya arobaini
akafa na deni la mkaa.
Hii aliyoichambua Nafuna ni ya bahili mmoja
mwenye nyumba ya ghorofa nne,
ahesabuye ngazi zake kila usiku
asije mpangaji akaiba moja.

Sura ya pili yawapanga wahakiki foleni:
huyu asema bahili ni dola iliyozeeka,
yule asema la, ni babake mwandishi,
wa tatu amehesabu sarafu zote kitabuni
akazipata elfu moja mia nne na sita.
Sura ya nne ni taathira:
jinsi bahili alivyovuka bahari
akaingia riwaya zetu, akavaa koti,
akanunua ploti Kayole.
Hapo nikacheka peke yangu, brashi mkononi.
Mwenye nyumba wangu wa Pangani
hajafungua kitabu tangu darasa la sita,
na kufuli aliyonitilia mlangoni mwezi wa Machi
haikutafsiriwa kutoka lugha yoyote.

Kisha 212.
Nakala ya kwanza yatoka 211, yaruka 213.
Ya pili vivyo hivyo. Ya tatu. Ya nne.
Nikadhani mashine ya chapa imekula karatasi,
zina njaa mashine za mtaa huu.
Ya tano ilikuwa nayo.

*Kuna mfua nguo*, ukurasa waanza, bila tanbihi hata moja.
*Aingia sura ya tisa na kikapu cha mashuka mabichi
ya kuanika paani. Afika ngazi ya kumi na saba,
ateta kidogo juu ya ujira wake,
na mwandishi ageuka, amfuata bahili ndani.
Hamrudii tena.
Miaka mia na ushei wasomi wanahesabu sarafu.
Hakuna aliyeuliza kama mama yule alishuka.
Mama yangu alifua Parklands miaka kumi na minane.
Namkuta pale pale kila nikifungua kitabu,
maji yakimtiririka viwikoni.*

Nikampigia simu. Akaja jioni, viatu mkononi.
Ni msimamizi wangu, alisema, Profesa Lijoodi,
aliukata kwa kalamu nyekundu:
huyu hana dhima katika msuko,
na mama yako si ushahidi.
Hakuandika kwa ubaya, alisema. Pengine ni kweli.
Mbona basi hukubadili nambari za kurasa?
Akatazama vidole vyake.
Nikakohoa, nikatafuta sindano.

Mambo ya msuko siyajui. Najua mshono:
uzi wa kitabu hupita ndani ya mkunjo,
ukiuona, fundi amekosea.
Nne nilizishona kama zilivyo, na pengo lake.
Ya tano niliitilia uzi maradufu.

Mia tatu yake bado. Sijaidai.
Nasikia alifaulu, marekebisho madogo.
Hakuna mtahini aliyetaja 212.
Walibishania sarafu:
mmoja wao alizipata elfu moja mia nne na tano.

Jana umeme ulipotea jengoni kwetu.
Nilipanda nikipapasa ukuta, nikihesabu,
na kwenye ya kumi na saba
nikasogea ubavuni kidogo,
nikapisha.